Aliniambia Fika, Nikafika Hjulsta

Siku yangu ya kwanza kazini nilipewa fagio refu kunishinda, buti za kiume na fulana ya kung'aa ya rangi ya machungwa, nikashushwa kwenye kipilefti cha Brommaplan, magharibi mwa Stockholm. Nakiita kipilefti kwa mazoea ya nyumbani. Hapa magari hukizunguka kwa kulia. Theluji ilikuwa imeyeyuka lakini upepo bado unakata masikio. Kiswidi changu chote kilikuwa "asante" na "samahani". Shule niliishia darasa la nne, Muheza, basi msinitafutie lugha ya vitabu humu.

Nyinyi wajukuu zangu mnapita Bergslagsvägen na simu mkononi, hamjui mmepita nini. Ile si njia ya mtaani. Ni barabara ya serikali, ina namba yake, ingawa ni fupi kama mkia wa mbuzi. Inaanza Brommaplan, inakwenda bega kwa bega na reli hadi Ängbyplan, inapita Råcksta na Vällingby, inawaacha watu wa Hässelby washike njia yao, kisha inapanda kati ya maghala ya Lunda, jirani na Spånga, mpaka inapojimwaga kwenye barabara kuu pale Hjulsta. Jina lake ni la nchi ya migodi ya chuma, maana huko ndiko inakoelekeza pua. Msimamizi wangu wa kwanza, mzee mwenye masharubu kama brashi ya viatu, alikuwa akisema huku kote kulikuwa mashamba. Vällingby ilipojengwa na watu kumiminika, ndipo lami pana ikahitajika.

Kazi yetu ilikuwa hivi. Wakati wa baridi humwagwa changarawe ili watu wasiteleze. Theluji ikiisha, changarawe inabaki. Inageuka vumbi la kuchoma koo, na baiskeli zinaanguka juu yake. Gari la kufagia, lenye brashi za duara tumboni, linachukua ya katikati. Ya pembeni na ya kwenye vituo vya basi ni ya mtu na fagio. Mtu huyo nilikuwa mimi.

Nilikuwa kwenye majaribio. Rehema, mama yenu, nilimwacha Muheza kwa bibi yake akiwa hajang'oa meno ya utoto. Watu wa uhamiaji walishaniambia wazi: pata kwanza kazi ya kudumu, ndipo mtoto aje. Kwa hiyo mimi sikushika fagio. Nilishika mkono wa mwanangu.

Nimefagia kituo cha kwanza, cha pili, mara namwona Msimamizi amesimama kando ya gari lake, mbele yangu. Akapunga mkono. "Fika!"

Nikashtuka. Mzungu huyu Kiswahili kajifunzia wapi? Nikajigusa kifua: mimi? Akaitikia kwa kichwa, "Ja, ja! Fika!" na kunyoosha mkono kwenye gari. Nyuma ya gari kulikuwa na kibao kikubwa cha mshale: Hjulsta. Nikasema haya, bosi kasema fika, kazi ni kufika. Nikampita palepale alipo. Akaniinulia kikombe, nami nikamwinulia fagio, nikaendelea na safari.

Ängbyplan nikafagia. Råcksta nikafagia. Vällingby miguu ikawaka moto. Kule Lunda malori yakanipigia honi, nami nikayapigia mdomo. Sikuruka kituo hata kimoja. Nikiruka nitaonekana mvivu, na mvivu haletewi mtoto. Nilipofika Hjulsta nikakaa ukingoni mwa barabara nimelaza fagio mapajani, nasubiri sifa.

Likaja gari la kufagia mbiombio. Dereva wake alikuwa Kasongo, Mkongomani.

"Mama weee! Uko nafanya nini huku? Patron anakutafuta tangu asubuhi, karibu aite polisi!"

"Nafanya alichonituma. Kasema fika, nimefika. Muulize, sasa nigeuze?"

Kasongo akanitazama kama ng'ombe aliyeona treni. "Fika? Mama, fika ni kahawa! Ni pause! Watu wanakaa, wanakunywa kahawa na mikate ya mdalasini!"

"Kahawa?"

"Kahawa, mama!"

"Yaani nimetembea nchi nzima kwa sababu ya kahawa ambayo hata sikuinywa?"

Alicheka mpaka akalalia usukani. Mimi sikucheka. Msimamizi alikuwa anateremka kwenye gari lake, uso mwekundu kama nyanya, nami nikamwona Rehema ananiponyoka. Kasongo akamweleza. Masharubu yakaanza kutikisika.

"Anauliza, vituo vya huko nyuma nani kavifagia?"

"Mwulize yeye anadhani malaika?"

Mzee akarudi garini, akaja na chupa ya chai na mkate uliobaki kwenye karatasi, akakaa chini kando yangu, kwenye vumbi. Akanimiminia kahawa. "Hii," akasema, Kasongo akitafsiri, "hii ndiyo fika. Na kesho uje. Ila uje kwa gari."

Mungu amrehemu, mzee yule hakunicheka mbele za watu hata siku moja.

Msimamizi wa pili alikuwa mwanamke mkali, mkuu wa kazi za theluji. Ndiye aliyenifundisha ngozi ya barafu, ile nyembamba inayofanana na lami yenyewe, na kwamba chumvi humwagwa kabla maji hayajaganda. "Usishindane na theluji," alikuwa akisema, "iwahi." Akanikabidhi trekta dogo la kusukuma theluji, akanitazama majira yote ya baridi. Kisha akanipa mkono: kazi ni ya kudumu. Nikamkumbatia. Akakauka kama nguzo ya umeme, lakini hakunisukuma.

Ndipo Rehema akaja. Kasongo alitupakia kutoka uwanja wa ndege, tukaingilia Hjulsta. Mtoto amejikunyata ndani ya koti langu.

"Mama, tumefika?"

"Bado. Kwanza uione barabara yetu." Nikamwonyesha kituo kimoja baada ya kingine mpaka akasinzia.

Nimestaafu na magoti yangu yananuna, lakini silalamiki. Barabara ile ilinilisha, ikaniletea mwanangu, na mwanangu akawaleta nyinyi. Kazi ya fagio haina aibu. Aibu ni kupita juu ya kazi ya mtu bila kuiona.

Juzi nilikaa na mdogo wenu Saida kituo cha Råcksta. Huyo nikimsemesha Kiswahili hunijibu Kiswidi. Nikaona changarawe chini ya benchi, nikaisukuma kando kwa kiatu.

"Mormor," akaniita, ndiyo bibi huyo, "ska vi fika?" Yaani, twende fika?

"Sisi tumeshafika, mjukuu wangu," nikamwambia. "Lakini kahawa nitakunywa."