Mama Aliituma Filamu Yangu Kanisani Kabla Haijaisha

Admin, nifichie jina. Hili sijawahi kumwambia mtu ana kwa ana, niliiambia kamera tu. Mimi ni msichana wa miaka kumi na saba na ninapenda wasichana. Wazazi wangu ni Wakongo wa Bukavu, mimi nimezaliwa hapa Johannesburg, tunakaa mtaa wa Bertrams.

Klabu ya filamu shuleni ilitupa kazi ya filamu fupi yenye mada "Nchi Yangu". Nina aibu, hata darasani siinui mkono kujibu, lakini nilivaa suti ya baba yangu, Papa, ya sikukuu ya uhuru, nikasimama mbele ya bendera aliyoshona Mama, nikaimba wimbo wa taifa wa Kongo wote. Mwishoni nikasema, "Napenda wasichana, na Kongo ni yangu pia."

Nilitaka kumwonyesha Mama wimbo tu. Akalia kwa furaha, akaninyang'anya simu. "Mama Pasta aone mutoto wa huku anajua wimbo wa kwao!" Nikaganda. Akaituma kwenye grupu ya kanisa, na yeye mwenyewe hajafika mwisho.

Wenzake wa kanisani waliitazama hadi mwisho. Mmoja akaandika, "Binti yako amevaa suruali ya baba yake, na akili ya nani?" Mwingine, "Mumurudishe Bukavu wamutoe pepo."

Papa hakupiga kelele. "Kesho utasimama kanisani useme ulikuwa unaigiza. Kongo haina watu wa hivyo. Ukikataa, hiyo nchi yako ya sinema ikulaze."

Mama akaninong'oneza, "Sema tu ni mchezo, mwanangu."

Nikamtumia filamu Thando, msichana wa Afrika Kusini anayeongoza klabu, kisha nikampigia. Naye anapenda wasichana, nikadhani atanielewa. Akacheka! "Eish, dada, mwisho uko sharp, uko poa kabisa, ila toa huo wimbo wa makwerekwere. Haki hizi tulizipigania sisi, nyie wageni mmekuja kuzila tu." Makwerekwere, ndilo tusi lao kwetu sisi Waafrika wa kuja.

Nina hasira nao wote. Papa anataka nikate mwisho, Thando nikate mwanzo. Kitabaki nini, suti tupu?

Nikisema niliigiza, nitalala nyumbani, lakini nitakuwa nimekana kitu pekee nilichowahi kusema kwa sauti. Nikikataa, sina shangazi mji huu, sina pa kwenda. Nishaurini, nifanye nini? Msiniambie niombe, nimeomba sana.

Viatu vya Papa hivyo vinakuja kwenye korido. Siku zote huwa nageuza simu kifudifudi. Leo naituma hii, halafu naiacha simu wazi hapa kitandani. Asome.