Mama Amenituma Mbinguni

Naomba mfiche jina langu, maana hapa mtaani kwetu Kampemba tunajuana mno. Lakini mficha uchi hazai, kwa hiyo nasema. Nina miaka ishirini, nimemaliza sekondari kwa masista, na baba yangu anafanya kazi kwenye tanuru la kuyeyushia shaba.

Tangu nisikie redioni kwamba kaskazini mwa mkoa wetu wageni wanarusha roketi, sijatulia. Nataka kuzisomea, na siku moja nipande mwenyewe. Watu wananicheka: msichana, tena wa Zaire? Wacheke mpaka wachoke. Nimepata nafasi ya kusoma Ulaya, naondoka karibuni.

Balaa lilianzia mezani. Baba aliniuliza ninakwenda kusomea nini, nikajibu, "Mashini ya kupanda mbinguni, baba." Nyumbani kwetu neno ni hilo hilo moja: mawingu yako mbinguni, marehemu wako mbinguni.

Mama alikuwa amelala pembeni, ameelekea ukutani, kama kila siku tangu surua imchukue mdogo wangu. Akainuka. "Mbinguni? Kule mutoto yangu iko?" Baba alinikazia macho ninyamaze. Nikanyamaza.

Sasa mama anapika bukari, ugali wetu, anacheka, amerudi kuuza sokoni. Misa ameacha. "Mapadri banaomba tu," anawaambia majirani, "lakini huyu wangu atafika kule na miguu yake." Padri aliniita akanigombeza: "Unamuibia mama yako imani. Umuambie ukweli." Baba naye hataki hata kusikia. "Ukimuambia, utamuzika na yeye. Nyamaza, uende." Mimi naamini mdogo wangu yuko kwa Mungu, lakini si mahali ambapo roketi inafika. Inaniuma kwamba kitu nilichokitamani kuliko vyote kimegeuka uongo ndani ya nyumba yetu.

Jana mama alinishika mikono jikoni.

"Ukimukuta, umuambie ile asubui nilimupiga sababu alikataa kuamuka. Sikujua iko mugonjwa. Umuulize kama alinisamehe. Halafu urudi uniambie."

Hakuwahi kumwambia mtu jambo hilo, hata baba.

Ndugu zangu mnaosoma, jibu naweza kulitunga hata leo, naye ataliamini. Nishaurini kabla sijaondoka: nije nimpe mama msamaha ambao mtoto hakunituma kuuleta, au nimwambie sasa hivi kwamba ninakokwenda mimi, mtoto wake hayuko?