Nesi wa Kwenye Picha

Nakumbuka Jumapili moja hapa Arlington, Marekani, mwanangu, filamu ya Kifilipino ilivyoniumbua. Nilikuwa na miaka ishirini na minne, nafanya kazi ya kuwahudumia wazee, na Luz, Mfilipino wa rika la mama yangu, ndiye alikuwa nesi mkuu wa zamu yetu. Alinialika kwake kula, akaweka filamu ya kwao.

Ilikuwa habari ya msichana maskini aliyeacha shule akauze samaki, huku akimwambia mama yake bado anasoma. Luz akanieleza kwamba mwigizaji mwenyewe alikulia katika dhiki, na hata alipopata jina alirudi darasani. Mimi nikaanza kulia. Kulia hasa, kamasi na yote!

"Una nini?" Luz akauliza.

Nikamwaga mtama. Masomo ya unesi nilikuwa nimeya-drop muhula wa pili, nikafuata zamu mbilimbili. Lakini mama kule Kitale nilikuwa nimemtumia picha, nimevaa sare, kipimo cha kusikilizia moyo kikining'inia shingoni. Cha kuazima. Kanisa zima likampongeza. Wengi wetu tulifanya hivyo, usione ajabu. Sasa wiki ile mama alikuwa amenipigia kuuliza kama aache dawa za presha, maana zilimtia kizunguzungu. Nikamjibu, "Zipumzishe kidogo, mama." Mimi, niliyejua kubadilisha shuka tu!

Luz hakupaza sauti. "Yule akimaliza kuigiza huvua zile nguo, akaenda zake nyumbani. Wewe unaigiza na mama yako ameacha dawa. Mpigie."

Nikampigia, nikamwambia yote.

"Kesho naenda kliniki," mama akasema. "Nawe urudi shule. Hii picha naitoa ukutani."

Aliitoa kweli, na iliniuma kuliko kofi. Nilirudi darasani, ikanichukua miaka sita. Njia ya mwongo ni fupi, walisema wahenga. Yangu ilikaribia kuishia kaburini kwa mama.

Kwa hiyo mwanangu, shule ikikushinda, sema imenishinda. Watakuhurumia au watakutukana, na yote hayo yanavumilika. Ila usimshauri anayekuamini kwa cheo usichonacho. Mungu akupe mdomo mwepesi wa kukiri, na amweke mama yako kule nyumbani hai mpaka utakapomwambia.