Mwingereza wa kwenye Shuka

Jirani akiwasha jenereta, harufu ya petroli hunirudisha Kasongo, kule Kongo, jioni za sinema ya padri kwenye shuka nyeupe, mashine yake ikiendeshwa kwa jenereta. Mwigizaji mmoja, mzee Mwingereza mwenye pua ndefu, alikufa ndani ya picha. Nyanya yangu alimlilia, kesho yake akajifunga kitambaa cha matanga.

Mwezi uliofuata padri alileta picha nyingine. Mzee yuleyule akatokea, akimimina chai. Nyanya akasimama mbele ya watu wote, akamwuliza yule mzee wa kwenye shuka.

“Baba, uko muzima?”

“Mama, hakukufa,” padri akasema. “Kufa ni kazi yake.”

“Kazi hiyo iko nguvu, ngumu kweli. Aksanti Mungu, amerudi.”

Akakifungua kitambaa, akacheka mpaka machozi.

Kitambaa kile ninacho; nilikijifunga nyanya alipokufa. Jenereta ikiwaka, nasema aksanti, kisha natazama mlangoni.