Uso wa Baba Mkwe Mbaya

Kwenye runinga mimi ni baba mkwe mbaya. Nimecheza tamthilia sita, majina sita, ubaya uleule. Waongozaji walishaamua kwamba sura yangu haifai kumpenda mtu, nami sikubishana nao, kazi ni kazi. Pale sokoni Mabatini mama mmoja muuza nyanya aligoma kabisa kuniuzia. "Kamwombe msamaha yule mkweo kwanza," aliniambia, na wateja wake wakampigia makofi. Nilirudi nyumbani bila nyanya, kichwa kimevimba kwa sifa.

Nilijutia sifa hizo kijana wangu alipopata mchumba karibu na Bujora. Kwa desturi baba hubaki nyumbani, posa hupelekwa na mshenga na shangazi wa kijana. Mimi na kiherehere changu nikasema lazima niende, wakwe wamwone staa. Nikavaa suti.

Tulipokaa, bibi wa binti, ambaye ndiye mkubwa wa nyumba ile, alinitazama mpaka nikaanza kutokwa jasho.

"Si huyu anayemnyima mkwe wake chakula?" akasema. "Mjukuu wangu haendi."

Watu wakacheka. Yeye hakucheka. Mshenga akaanza kumweleza kwamba yale ni maigizo tu.

"Najua ni maigizo, mimi si mtoto. Ila ule uso anaomtazama nao yule binti haufundishwi. Wewe baba, umeutoa wapi?"

Nilimwangalia kijana wangu. Alikuwa amebana mikono katikati ya magoti. Nilikuwa na majibu mengi ya kuchekesha, yale ninayowapa waandishi wa habari. Nikaona pale hayafai hata moja.

"Kwa baba yangu, mama," nikasema. "Ndivyo alivyokuwa akimtazama mama yetu, kila siku, mpaka mama akafariki."

Sikuwahi kumwambia mtu jambo hilo, hata mke wangu. Kijana wangu aliinua kichwa.

Bibi akamgeukia dada yangu, yule shangazi tuliyekuja naye. Dada akaitikia kwa kichwa, akajifuta machozi kwa ncha ya kitenge.

"Na huyu, nyumbani kwake yukoje?"

"Huyu, mama? Kwake hata kuku hawamwogopi. Wanalala kwenye kochi lake."

Hapo bibi akacheka, tena kwa sauti, mpaka akashika mbavu. Kisha akamwita mjukuu wake, akamketisha mkekani mbele yetu sote.

"Nenda, nimekuruhusu. Lakini huko uendako, mtu yeyote akikutazama vile, hata mara moja, usingoje kuuliza. Rudi hapa. Hii ni nyumba yako."

Wanawake wakapiga vigelegele. Mimi nililia mbele ya wakwe, ndani ya suti yangu, wala sikuona aibu. Mama yangu hakuna aliyewahi kumwambia maneno hayo.