Gauni la Zuhura na Watu wa Visiwa vya Juu

Nilipokuwa mtoto kule Pumwani, hakuna aliyeniambia kwamba wingu ni mvuke. Nyanya, mama yake mama, alinieleza kuwa yale mawingu yenye tumbo bapa, yanayojikokota mchana wa jua kali, ni visiwa. Juu yake kuna minazi, visima na watu. Watu wenyewe wepesi kama moshi wa ubani, na wana baridi mwaka mzima, maana huko hakuna kuni. Ndiyo sababu wanapenda watoto. Mtoto ana joto.

"Kivuli cha kisiwa kikigusa nguo ya mtoto kambani, wameshapata kipimo," nyanya alisema. "Nguo wanaichukua siku hiyo hiyo. Mwenyewe wanamfuata."

Basi kivuli kikianza kupanda mapaa, mtu hukimbia kuanua. Nilidhani ni desturi ya Pumwani nzima, kumbe ya nyumba yetu tu. Na mabati nayo yalitoa ushahidi: jua likifunikwa, yanalia ta! ta! Nyanya alisema hizo ni kamba zao zinatua.

Nilikuwa na miaka minane siku nilipoachiwa nguo nizilinde. Kambani kulikuwa na gauni la manjano la mdogo wangu Zuhura, wa miaka mitatu. Na bombani kulikuwa na jirani yetu, Mama Anyango, anasimulia. Sitadanganya uzeeni: umbea nilianza kuupenda nikiwa na meno ya utoto. Habari ilikuwa ya bibi harusi aliyetoroka kwa dirisha la choo, akabanwa kiunoni.

"Akavutwa na nani?" nikauliza.

"Wewe kitoto, masikio kama ya punda! Akavutwa na mama mkwe!"

Nilicheka mpaka nikahisi ubaridi mgongoni. Kivuli. Nilipofika kambani nilikuta vibanio viwili na pengo katikati.

Jioni nyanya akaniuliza, "Umeanua zote?"

"Zote, nyanya."

Alinitazama kidogo, akaendelea kuchambua mchele.

Kesho yake mama aliondoka alfajiri kwenda kuuza vyondo, vikapu vyake vya kusuka, katika soko la Kariokor. Kufikia adhuhuri Zuhura alikuwa anawaka moto, anapumua kwa kukoroma. Nikasikia mabati: ta! Nilijua wamefika, na kwamba aliyewaita ni mimi. Nilichukua kanga nikamfunga mguu kwenye kitanda. Kisha nikatoka mbio, nikaokota mawe, nikajaza mifuko ya sweta lake. Jiwe moja liliniponyoka likamwangukia kifuani, hata hakulia.

Nyanya akaingia. "Mawe ya nini?"

"Asiwe mwepesi, nyanya. Gauni walilichukua. Nilikudanganya."

Nilifumba macho kungoja kofi. Halikuja. Nilipofumbua, uso wa nyanya ulikuwa umepauka kama majivu. Akamgusa Zuhura shingoni, akanyakua sinia la wali wetu wa mchana, akatoka uani bila viatu, akaliinua juu.

"Halikuwa lenu!" aliyapigia kelele mawingu. "Mnanisikia? Chukueni wali! Lile gauni halikuwa lenu, ulikuwa mchezo tu!"

Sijawahi kuogopa vile tena, hata siku ya kuzaa. Mtu mzima wangu alikuwa anawaomba.

Mama Anyango aliruka ua. "Mama mkubwa, weka hilo sinia! Huyu mtoto ana kichomi, apelekwe zahanati!" Akamfungua mguu, akamtupa mgongoni, akayumba. "Huh! Na uzito gani huu? Mnamlisha mawe?"

Akakimbia naye hivyo hivyo. Zuhura alidungwa sindano siku saba, akapona.

Nyanya alipofariki, mimi tayari ni mama wa watoto, nilipewa sanduku lake la bati nilipange. Chini kabisa, chini ya kanga alizojiwekea za sanda, lilikuwepo gauni la manjano, limekunjwa vizuri. Alilianua mwenyewe ili anifunze kuacha umbea wa bombani. Kisha mtoto akaugua, na bibi wa watu akaanza kuviogopa visiwa vyake mwenyewe. Niliketi sakafuni nikalia kwa ajili yake, si kwa ajili yangu. Miaka yote ile alikuwa amebeba lile gauni peke yake.

Zuhura leo ana wajukuu, na akikaa kochi linaguna. Anaamini mawe yangu ndiyo yaliyomwokoa. Kila Idi ananiletea halua ya shukrani. Ninaila. Mimi, ninayejua siri ya kila mlango katika mtaa huu wa Komarock, hiyo moja sijamwambia.

Na kivuli kikipita juu ya mabati ya jirani, ta! ta!, naacha chai yangu, naacha hata umbea ukiwa mtamu, nakwenda kibarazani kwa miguu hii mibovu. Gauni ninalo kwenye sanduku. Bado naanua nguo za vitukuu.