Matanga Kwenye Ukumbi wa Sinema

Jirani yetu wa ghorofa ya chini, pale Rissne, pembezoni mwa Stockholm, aliwahi kuwa jina kubwa. Miaka ya hamsini aliandika filamu zake mwenyewe na kuziongoza mwenyewe, na watu walipanga foleni kwenye baridi ili kuziona. Kisha televisheni ikaingia, wenye fedha wakamkimbia, akabaki kuandika michezo ya redio na kufundisha vijana ambao hawakuwahi kuona kazi yake. Jambo moja alilisimulia kwa majivuno: alikuwa akimrudisha mwigizaji wa kike kwenye onyesho lilelile mpaka alie machozi ya kweli. Hadithi hiyo iliniudhi tangu siku ya kwanza. Mama yangu alicheka tu, akamwongezea chai.

Mzee alipopata ufadhili wa filamu fupi, ambayo yeye mwenyewe aliiita ya mwisho, alimtaka mama. Kwenye hadithi yake mwanamke mgeni anafia Stockholm. Mama alitakiwa alale kitandani, amefumba macho, amefunikwa shuka. Mimi ndiye niliyetafsiri.

"Miye silali sawa maiti," mama akasema. "Ile ni kuita lufu ndani ya nyumba. Umuambie."

Nikamwambia. Mzee akajibu kwamba ni mchezo tu. Mama akasema kifo hakichezewi, akaondoka na birika lake. Walinuniana siku kadhaa, nami moyoni nikafurahi. Mwishowe mzee akabadilisha hadithi: maiti atakuwa yeye, mama atamlilia.

Siku ya kupiga picha mzee alijilaza chumbani kwake, kamera ikawashwa. Mama akavua viatu, akakaa sakafuni, akaanza kumwita baba. Baba alibaki kwetu Uvira tulipokimbia vita. Habari ya kuuawa kwake ilitufikia kambini, hatukumzika wala hatukukaa matanga. Sasa mama alikuwa akimlaumu kwa kuchelewa, kwa kurudi kufunga mlango wa nyumba ambayo ingechomwa tu. Nilimshika mzee bega, nikamwambia kwa Kiswidi asimamishe kazi, huyu halii kwa ajili ya filamu.

Hakufumbua macho. "Najua," alisema. "Usimguse."

Nilitamani kumzaba kofi, maiti au si maiti.

Baadaye nilimsihi akate kipande kile. Alikataa. Alisema kilio kama kile alikuwa amekitafuta tangu ujana wake, na waliompa machozi zamani walikuwa wamechoka tu. Nilimchukia. Ila mama hakulalamika, na hilo lilinishangaza.

Siku ya maonyesho mama aliamka mapema akapika sombe, yaani kisamvu, na wali, akavaa kitenge cheusi, akaalika akina mama wa kwaya yetu ya Spånga. Nikadhani ni fahari ya kuonekana kwenye sinema. Kumbe mwenzangu alikuwa na hesabu yake. Ndani ya treni alinieleza: watu watakusanyika, watakaa kimya, watamsikia akimlilia mumewe. Basi hayo ndiyo matanga ya baba, yamechelewa lakini yamefika. Alikuwa mtulivu kuliko nilivyomwona kwa miaka mingi.

Ukumbi ulijaa. Kilio cha mama kilipoanza, akina mama wa kwaya waliinamisha vichwa, wakaanza wimbo wa mazishi kwa sauti ya chini, kama inavyopasa. Watu wa mbele wakageuka na kuwanyamazisha. Wakatoka nje kwa aibu, mmoja akiwa na sufuria ya sombe mkononi.

Filamu ilipokwisha watu walisimama wakapiga makofi. Mzee akapanda jukwaani huku akitoa machozi ya furaha, jina lake limerudi mjini. Halafu wageni wakajipanga mbele ya mama. Alisomea wapi uigizaji? Alijifichaje miaka yote hii? Nilitafsiri nikiwa nimekunja uso, na mama akawapa mkono mmoja mmoja, akiwatazama machoni, akingoja.

"Huyu anasema nini?" aliniuliza.

"Anasema hongera, mama."

"Na huyu?"

"Hongera."

Akampa mkono aliyefuata. "Na pole," akasema, "kati ya hawa bote, hakuna mwenye amesema?"